Pacha Mmoja Anakimbia: Mwongozo Kamili wa Kuandika Tamthilia ya Mwanariadha na Ndugu Mgonjwa, Kutoka Mwanza

Mdogo wangu ana selimundu, ugonjwa wa damu ambao wengi huuita siko seli. Nimelala kwenye mabenchi ya wodini mara nyingi kiasi kwamba naweza kukuambia lipi lina msumari. Kazi yangu ni kuandika tamthilia, na nyumbani tunazitazama pamoja, za hapa na za nje. Ile ya michezo huwa ni ile ile: kijana mwenye kipaji, ndugu yake mahututi, fainali, machozi, medali inapelekwa makaburini. Mdogo wangu huwa na swali moja kabla sehemu ya pili haijaisha: "Huyu mgonjwa, yeye anapenda nini?" Hatupati jibu, kwa sababu aliyeandika hakujiuliza.

Mwongozo huu nimeuandika kwa ajili ya swali hilo. Ni wa mtu aliyeko Mwanza, Musoma, Geita au Bukoba, mwenye daftari na hamu ya kuandika tamthilia ya michezo ambayo ndani yake kuna mgonjwa. Nitatumia mfano mmoja wa kubuni mwanzo hadi mwisho: mapacha wa Kisukuma, Kulwa na Doto, miaka kumi na saba. Kulwa ni msichana, anakimbia mita 5,000. Doto ni mvulana, ana selimundu. Baada yao yupo Shija, miaka kumi, jina apewalo mtoto anayefuata mapacha. Mshike Shija vizuri, tutamhitaji baadaye.

Hatua ya 1: Chagua ugonjwa wa hapa, usome mpaka uweze kumwelezea bibi yako

Waandishi wengi huchagua kansa kwa sababu wameiona kwenye filamu. Hakuna ubaya, ila ukiandika kando ya Ziwa Victoria, ugonjwa unaogusa nyumba nyingi upo mlangoni. Tanzania inakadiriwa kupata watoto 11,000 hivi kila mwaka wanaozaliwa na selimundu, na Kanda ya Ziwa ni miongoni mwa maeneo yenye wagonjwa wengi zaidi nchini. Sababu yake yenyewe ni tamthilia. Mtu aliyerithi kinasaba cha selimundu kutoka kwa mzazi mmoja tu haugui, na kinasaba hicho humkinga kwa kiasi dhidi ya malaria kali. Huku kwetu mbu hawajawahi kukosekana, kwa hiyo kinasaba kimedumu vizazi na vizazi. Aliyerithi kwa wazazi wote wawili ndiye anayeugua.

Basi wazazi wa Kulwa na Doto wote wawili wamebeba kinasaba bila kujua. Kwa kila mtoto wanayempata, nafasi moja kati ya nne ni ya kuugua, mbili kati ya nne ni za kubeba tu, moja kati ya nne ni ya kutokuwa nacho kabisa. Mapacha wa kike na wa kiume hawatoki kwenye yai moja, kwa hiyo bahati zao ni kama za ndugu wengine wowote. Doto amepata kwa wote wawili. Kulwa amebeba kimoja. Ukifika hapo umeshapata moyo wa hadithi bila kubuni chochote: kitu kile kile kinachomkinga Kulwa na malaria ndicho kinachomvunja mifupa Doto kwa maumivu.

Kisha uujue mwili. Chembe nyekundu za damu za mtu wa kawaida ni za mviringo, laini, na huishi siku 120 hivi. Za Doto hugeuka kuwa na umbo la mundu, hukakamaa, hukwama kwenye mishipa midogo na kuzuia hewa isifike. Nyingi hufa ndani ya siku 10 hadi 20. Ndiyo maana damu yake ni pungufu wakati wote, macho yana umanjano, na anachoka akipanda mlima wa kwenda kliniki. Maumivu makali huchochewa na vitu vinavyojulikana: kukosa maji mwilini, baridi, homa, uchovu mkubwa. Viandike kwenye karatasi ubandike ukutani. Kila mara Doto anapozidiwa kwenye hadithi yako, kimojawapo kiwe kimeshaonekana kwenye picha dakika kadhaa kabla. Mtazamaji ambaye ana mgonjwa nyumbani atakiona kabla ya mama wa mapacha kukiona, na atainuka kwenye kochi.

Ujue pia kuwa siku hizi watu wenye selimundu wanakua, wanasoma, wanaoa. Mtoto mdogo hupewa dawa ya kumkinga na maambukizi, asidi ya foliki hutumika kila siku, na ipo dawa iitwayo haidroksiurea inayopunguza sana maumivu na haja ya kuongezewa damu, kwa sharti la kumezwa kila siku na kupimwa damu mara kwa mara. Ukiandika kwamba mtoto wa siko seli hafiki miaka mitano, unarudisha maneno yaliyowafanya akina mama wengi waache kliniki.

Hatua ya 2: Mpe mgonjwa mbio zake

Hatua hii ifanye kabla hujaandika hata mstari mmoja wa mashindano. Usipoifanya, Doto atakuwa kuni za kupikia ushindi wa dada yake.

Doto wangu ni fundi wa taa. Wavuvi wa dagaa huvua usiku kwa taa zinazoelea majini. Zamani zilikuwa karabai, sasa nyingi ni za betri, na betri na waya hazielewani na maji. Doto amejifundisha kuzifungua, kupima, kuchomelea waya na kuzirudisha. Anachotaka ni kibanda chake Mwaloni, soko la samaki la Kirumba, Mwanza, chenye jina lake juu na kufuli lake mwenyewe. Basi.

Angalia hamu hiyo inavyofanya kazi. Wavuvi wanazihitaji taa jioni kabla ya kuingia ziwani, na wanazirudisha alfajiri zikiwa mbovu. Kwa hiyo Doto akitaka kufanikiwa lazima awe ufukweni saa za baridi, kwenye upepo, bila usingizi. Ndoto yake inamdhuru, kama vile mazoezi yanavyomchubua Kulwa. Wote wawili wanaugharimu mwili. Tofauti ni kwamba Kulwa akiugharimu anapigiwa makofi, Doto akiugharimu anagombezwa. Kulwa anayatambua hayo sehemu ya sita, na hilo ndilo jambo zito kuliko yote analojifunza msimu mzima.

Hatua ya 3: Andika daftari la nyumba

Chukua karatasi, uipasue safu nne: pesa, muda, damu, macho ya mama. Kila sehemu ya tamthilia lazima kitu kitoke safu moja na mtu fulani akikose.

Pesa ya nyumba hii inafuata mwezi. Dagaa huvuliwa usiku wa giza, kwa sababu mwanga wa taa ndio unaowavuta. Mbalamwezi ikishajaa, taa haina maana, mitumbwi inavutwa ufukweni na baba anakaa nyumbani kushona nyavu. Wiki hiyo hakuna hela. Mwandishi wa Dodoma au Dar es Salaam hawezi kujua hili, wewe unalijua. Kwa hiyo usiandike "hatuna pesa" kwenye mdomo wa mhusika. Onyesha mwezi mpevu juu ya miamba, halafu onyesha kopo la dawa lina vidonge vitatu. Inatosha.

Muda: kliniki ya Doto ni siku nzima. Mazoezi ya Kulwa ni alfajiri na jioni. Nani anachota maji? Shija. Nani anaanika dagaa? Shija. Nani hajaulizwa matokeo ya mtihani tangu muhula uanze?

Macho ya mama ndiyo safu inayouma. Mama wa mgonjwa hulala upande mmoja, sikio juu, akisikiliza pumzi. Kulwa anaweza kurudi na kikombe, mama akasema "Hongera mwanangu" huku anatazama macho ya Doto kama yamezidi umanjano. Usimfanye mama mbaya. Mwandike akijaribu.

Hatua ya 4: Amua ni kabla au baada ya daraja

Hii ni fupi lakini ukiikosea watu wa Sengerema watakucheka. Familia ya Kulwa na Doto inaishi kijiji cha uvuvi upande wa Sengerema. Hadi katikati ya mwaka 2025, mgonjwa wa kutoka huko kwenda hospitali ya Bugando, Mwanza, kwa barabara alivuka kwa kivuko cha Busisi hadi Kigongo. Gari lilisubiri foleni, usiku likasubiri zaidi. Tangu Juni 2025 lipo daraja la Kigongo–Busisi, kilomita 3 hivi juu ya maji, na kuvuka ni dakika chache.

Hadithi yako ikiwa ya mwaka 2019, kivuko ni mhusika kamili: mama amempakata Doto kwenye siti ya nyuma, taa za kivuko zinaonekana upande wa pili, na haziji. Ikiwa ya leo, itabidi utafute wasiwasi wako kwingine, nao upo. Daraja limeondoa foleni ya maji, halikuleta nauli ya gari. Mimi nilichagua leo. Baba anasimama katikati ya daraja, anatazama chini mahali alipokaa usiku mzima miaka sita iliyopita. Haongei, wala hakuna anayemuuliza.

Hatua ya 5: Jenga tukio kuu juu ya kanuni halisi, siyo juu ya machozi

Tamthilia za kigeni hupenda ndugu awekwe kitandani pembeni ya mgonjwa, damu itoke mkono huu iingie mkono ule. Huku haifanyiki hivyo. Damu inachangiwa, inapimwa virusi vya Ukimwi, homa ya ini na kaswende, inaingia benki, na mgonjwa hupewa ile inayomfaa. Ndugu wanaombwa wachangie ili benki isikauke. Ukilijua hilo unaweza kuona limeficha nini. Mchangiaji lazima awe na umri wa miaka 18 hadi 65, na uzito usiopungua kilo 50. Mwanamume huchangia kila baada ya miezi mitatu, mwanamke kila baada ya minne.

Rudi kwa Kulwa. Ana miaka kumi na saba, kwa hiyo haruhusiwi. Anasubiri kutimiza kumi na nane kama wengine wanavyosubiri harusi. Siku ikifika, siku ambayo ni ya kuzaliwa kwa Doto pia, tatizo ni jingine: ni mkimbiaji wa masafa marefu, amekonda. Tukio nililoandika hili hapa:

*NDANI. CHUMBA CHA KUCHANGIA DAMU – ASUBUHI*

*Mizani sakafuni. Kulwa anavua raba, anasita, anazivaa tena. Muuguzi ameona.*

MUUGUZI: Vua, mdogo wangu.

KULWA: Sakafu ya baridi, dada.

MUUGUZI: Vua tu.

*Kulwa anapanda. Mshale wa mizani unatetemeka, unatulia.*

MUUGUZI: Arobaini na saba.

KULWA: Nikanywe maji nirudi?

MUUGUZI: Hapana, mama. Kilo hamsini.

*Kulwa anatoa cheti cha kuzaliwa kutoka kwenye mfuko wa nailoni, anakikunjua kwa vidole viwili.*

KULWA: Nimetimiza leo. Angalia.

MUUGUZI: Hongera. Ukizifikisha, njoo. Nitakupokea mwenyewe.

KULWA: Anahitaji leo.

MUUGUZI: Nani?

KULWA: Pacha wangu.

*Kimya. Muuguzi anaisogeza mizani ukutani kwa mguu, taratibu.*

MUUGUZI: Nyumbani kuna nani mwingine mkubwa?

KULWA: Baba. Yupo ziwani, ni giza.

Hakuna aliyelia. Lakini kuanzia hapo Kulwa anaanza kula: ugali mara mbili, michembe ya viazi usiku, sato wa wageni. Kocha anamwona ameongezeka kilo mbili wiki tano kabla ya mashindano ya taifa na anauliza nini kimempata. Hasemi. Akifikisha hamsini, swali jingine linamsubiri mlangoni. Mtu akichangia damu, maji ya mwilini hurudi upesi, lakini chembe nyekundu huchukua wiki kadhaa kujazika, na kwa mkimbiaji wa mita 5,000 chembe nyekundu ndiyo pumzi yenyewe. Kilo tatu na chupa moja ya damu zimekupa sehemu tatu za tamthilia, na hukumwua mtu.

Hatua ya 6: Andika mbio kama mtu aliyewahi kukimbia

Nenda uwanjani. Siyo siku ya fainali, siku ya mazoezi. Kaa Nyamagana au Kirumba na saa ya kupimia, uangalie watu wanapokuwa hawapigiwi makofi. Sikiliza kocha anasema nini. Hasemi "amini ndoto zako". Anasema "mabega", "mkono", "usitazame nyuma", na anasoma namba.

Mita 5,000 ni mizunguko 12 na nusu ya uwanja wa mita 400. Usiionyeshe yote na usiionyeshe mwisho tu. Mimi huchagua mizunguko mitatu: wa pili, pale mwili unapodanganya kuwa ni rahisi, wa nane, ambao hakuna mtu anaupenda, mbali na mwanzo na mbali na kengele, na wa mwisho. Mzunguko wa nane ndio wa kumfikiria Doto, siyo wa mwisho. Kwenye wa mwisho mkimbiaji hafikirii mtu, anatafuta hewa. Muulize yeyote aliyekimbia.

Halafu achana na ile picha ya shujaa anayetoka nyuma mita 50 za mwisho na kuwapita wote. Historia yetu ina njia nyingine. Filbert Bayi, Christchurch, mwaka 1974, aliongoza mita 1,500 tangu mwanzo, akawakimbiza wenzake kwa kasi waliyodhani hawezi kuihimili, akamaliza kwa dakika 3:32.16, rekodi ya dunia. Wasiwasi wa mbio kama hizo ni tofauti: mtazamaji haulizi "atawafikia?", anauliza "watamfikia?" Suleiman Nyambui, mtoto wa Majita, mwambao huu huu wa ziwa upande wa Mara, alipata fedha ya mita 5,000 Moscow mwaka 1980. Watu wa huku wakikuambia riadha ni ya Arusha na Manyara, mtaje huyo. John Stephen Akhwari, Mexico 1968, aliingia uwanjani wa mwisho, goti limefungwa bendeji, na bado tunamkumbuka kuliko wengi waliomtangulia. Na Alphonce Simbu, Tokyo, Septemba 2025, alishinda marathoni ya dunia kwa saa 2:09:48, muda ule ule aliopewa wa pili. Ilibidi picha ya mstari wa mwisho iamue. Kila moja ya mbio hizi ingefundisha mwandishi aina nyingine ya fainali.

Fainali ya Kulwa? Amechangia damu siku 19 kabla. Anaongoza mizunguko kumi, anapitwa na watatu, anamaliza wa nne. Wa nne hana medali. Kocha anatazama saa yake na kuona kuwa ni muda wake bora wa pili maishani. Uchungu na fahari vimo kwenye saa moja mkononi mwa mtu mmoja. Nilipoandika hivyo ndipo nilipojua tamthilia imeanza kusimama.

Hatua ya 7: Panga msimu, na uzuie bahati mbaya za kupangwa

Mimi naandika sehemu 13 za dakika 25 hivi. Kwa makadirio ya kawaida ukurasa mmoja wa muswada ni dakika moja, kwa hiyo kurasa 25. Sitakupa jedwali la sehemu zote, maana utalifuata na hadithi yako itafanana na yangu. Nitakupa makatazo mawili na kiungo kimoja.

Katazo la kwanza: Doto asizidiwe siku ya mashindano. Kila mtu anaitegemea, na ugonjwa hauna ratiba ya UMISSETA, ile michezo ya shule za sekondari. Azidiwe siku nne kabla, Jumanne, kwa sababu Ijumaa alikesha ufukweni kwenye upepo wa Juni akitengeneza taa nane. Ile siku ya mashindano yuko salama kitandani, amechoka, anadai redio. Mgogoro wa Kulwa ni kwamba *anaweza* kwenda. Hakuna wa kumzuia ila yeye.

Katazo la pili: kifo kisitumike kufunga. Watu hufa kwa selimundu, na sisemi kifichwe. Lakini ukimwua Doto sehemu ya 12 ili Kulwa ashinde ya 13, umewaambia watoto wote wenye ugonjwa huu kazi yao duniani ni nini.

Kiungo cha hadithi ni upandikizaji wa uloto, ule ute wa ndani ya mifupa unaotengeneza damu. Hospitali ya Benjamin Mkapa, Dodoma, imeshaanza kuwafanyia watoto wenye selimundu, na mtoaji anayefaa zaidi ni ndugu wa baba na mama mmoja. Kila ndugu ana nafasi moja kati ya nne ya kulingana kikamilifu. Kijiji kizima, mama, kocha na mtazamaji wataamini ni Kulwa, maana ni pacha. Yeye ameshajiandaa, ameshawaaga wenzake wa kambi ya Arusha kichwani mwake. Majibu yanakuja: Kulwa hafanani. Anayefanana ni Shija. Yule wa kuchota maji, ambaye hakuna aliyemuuliza chochote tangu sehemu ya kwanza, sasa nyumba nzima inamgeukia na kumwita mwanangu. Anaogopa sindano. Ana miaka kumi. Nani ana haki ya kumjibia? Sehemu mbili nzima nimeziandika kwenye swali hilo, na sikuharakisha.

Hatua ya 8: Waigizaji na mazungumzo

Selimundu huchelewesha kukua na kubalehe. Kwa hiyo Doto na Kulwa wana umri mmoja lakini hawaonekani hivyo. Tafuta mvulana mwenye mwili wa miaka kumi na minne na akili ya mtu mzima, umweke pembeni ya msichana mrefu. Abiria kwenye daladala amwambie Kulwa, "Mpakate mdogo wako," na mapacha watazamane. Hapo umeeleza ukurasa mzima wa kitabu cha tiba.

Maumivu: mwombe mwigizaji asipige kelele. Mdogo wangu akizidiwa hunyamaza. Anakunja kidole gumba ndani ya ngumi, anageukia ukuta, anahesabu mapanga ya feni hata kama feni imezimwa. Hakuna jeraha wala damu nje, na ndiyo maana wakati mwingine huambiwa anadeka. Liandike tukio la kuambiwa anadeka. Liandike bila hasira kwa muuguzi aliyesema, kwa kuwa naye ana wodi nzima peke yake usiku huo.

Umanjano wa macho usiutafute kwa kumdondoshea mwigizaji chochote machoni. Upatikane kwenye kurekebisha rangi ya picha, au utajwe na mtu: "Leo macho yako yamekaaje?" Uso usipakwe poda.

Kwenye lugha, mama wa Sengerema hasemi kama msomaji wa habari. Asubuhi atawaambia watu "Mwangaluka". Muuguzi kwake ni "nesi", ugonjwa ni "siko seli" au "ule ugonjwa wa damu", kocha ni "mwalimu". Daktari asihutubie. Maelezo ya kinasaba nimemwachia baba, ambaye kwa miaka kumi na saba amesema ugonjwa umetoka ukoo wa mkewe. Anarudi kutoka kliniki na karatasi yenye majibu ya wote wawili, anamsomea mke wake polepole, kwa kidole, mpaka anafika kwenye jina lake mwenyewe.

Hatua ya 9: Vibali na siku ya kupiga picha

Haraka haraka: kibali cha kupiga picha ni Bodi ya Filamu, haki ya muswada wako isajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla hujautuma kwa mtu yeyote. Kituo cha televisheni kitataka kuona sehemu ya kwanza na muhtasari wa msimu, siyo wazo. Usiombe kupiga picha kwenye wodi yenye wagonjwa, hata ukiruhusiwa. Kodi chumba, weka vitanda vitatu, neti na stendi ya dripu, sauti ya korido irekodi pembeni.

Mwanza inakupa mwanga mzuri sana na sauti mbaya sana. Jua huchomoza kati ya saa 12 na nusu na saa 1 asubuhi, na kwa dakika 30 hivi miamba ya Capri Point inakuwa rangi ya ugali wa mtama. Fika mapema. Mwaloni kuna upepo, korongo, injini na watu wanaobishana bei, basi mazungumzo muhimu yapige kwenye chumba halafu umpeleke mhusika ufukweni akiwa kimya. Masika ya Machi hadi Mei usiyapangie mbio.

Hatua ya 10: Soma muswada mbele ya wenyewe

Kabla mwongozaji hajauona, mtafute mtu mwenye selimundu, mzazi mmoja, muuguzi mmoja na mkimbiaji mmoja. Wasomee kwa sauti, usiwape karatasi. Utaona wapi wanatazama chini. Walipe nauli na chakula, na uwaambie wazi kuwa wanaruhusiwa kukataa.

Mimi muuguzi alinirekebisha dripu, mkimbiaji alinifuta mstari mzima kuhusu "kuvuka ukuta wa maumivu". Mdogo wangu alisikiliza hadi sehemu ya nane, pale Kulwa anapoondoka kwenda kambini Arusha na Doto, akiwa kitandani, anamshika mkono na kumwambia, "Kimbia kwa ajili yangu." Akaniomba kalamu. Akaukata mstari huo, akaandika juu yake kwa ule mwandiko wake mdogo:

"Ukirudi niletee waya wa kuchomelea. Ule mwembamba. Huku umeisha."